Upande wa Pili wa Kitabu

Kambi ya vibarua, Ein Gefen
Mwezi wa Nisani, Pasaka ikikaribia

Kaka yangu mpendwa Zakaria,

Nakusalimu kwa heshima inayokustahili, wewe uliyekaa mahali pa Baba, pamoja na shemeji Nadra, watoto, na kila mtu hapo Haidan ambaye bado analikumbuka jina langu. Habari za miguu ya Mama? Je, ule uvimbe umepungua, au bado anajipaka mafuta ya ufuta na kumwambia kila mtu kwamba amepona? Na kifua chako wewe? Nadra alikuwa mjamzito ulipoandika. Kwa hesabu ya mke wangu Badra amekwisha kujifungua, basi Mungu amlinde mama na mtoto, na kama ni wa kike, usinune.

Sisi huku ni wazima kwa namna watu wa huku wanavyousema uzima, yaani asubuhi tunasimama. Homa inanijia, inanitikisa, inaniacha niende kulima, halafu inarudi kuangalia kama nimepona. Badra anakusalimu sana. Anasema nikuambie kwamba uwatu wa huku hauna ladha hata ukiuloweka mpaka kesho, na kwamba maji ya hapa yananuka chura. Nimemwambia hayo si mambo ya kuweka kwenye barua inayovuka bahari, akaniambia basi niweke lipi, la furaha liko wapi. Nimeyaweka.

Naandika mwenyewe, bila mwandishi, kwa hiyo usicheke. Wewe utaisoma barua hii kama nyingine zote, kutoka juu kwenda chini. Mimi nimeanza kuiandika kwenye ukingo wa chini na ninapanda nayo juu, kwa sababu herufi nazijua hivyo tu, zikiwa zimesimama kwa vichwa vyao. Badra akiniona ananiambia nafanana na mtu anayekwangua ukoko wa sufuria. Lakini asiyeniona nikiandika hawezi kujua kitu. Ukiigeuza karatasi, maneno ni yale yale. Tafadhali likumbuke hilo unapoendelea kusoma.

Umeniuliza kama wosia wa Baba umetimizwa. Umeuliza kwa upole, mwisho wa barua, baada ya habari za mvua na bei ya ngozi, kama mtu anayeogopa jibu. Nitakujibu, lakini niache nifike polepole.

Barua yako ya msiba ilichelewa. Ilikaa Aden kwa mtu, ikakaa Yafa kwa mtu mwingine, na iliponifikia Baba alikuwa ardhini muda mrefu na mwaka wake ulikuwa unaelekea ukingoni. Uliniandikia kwamba siku zake za mwisho alinitaja mimi kuliko nyinyi mliokuwa mkimgeuza kitandani, na kwamba hilo lilikuuma kidogo. Ukaniandikia maneno yake kama alivyoyatamka: wewe useme sala ya mfiwa hapo Haidan mwaka mzima, lakini mimi niliye katika Nchi Takatifu nisimame mara moja tu kabla ya mwaka wake kwisha, mbele ya wanaume kumi, niongoze sala ya alasiri kutoka mwanzo hadi mwisho, na niisome kutoka kitabuni, si kwa kichwa. Ukasema alirudia neno moja mara nyingi: nimsikie akisoma, nimsikie akisoma.

Mtu mwingine angeuliza kwa nini alasiri, na kwa nini kitabu. Wewe huulizi. Alasiri ndiyo saa aliyotufundisha, jasho la kazi yake ya kufuma likiwa halijakauka. Kitabu cha sala kilikuwa kimoja, watoto tumekizunguka kama kuku waliozunguka sinia. Wewe mkubwa ulikaa mahali pa kukiona sawasawa, wengine ubavuni, na mimi mdogo kuliko wote nilikaa ng'ambo, nikikitazama kutoka kichwani. Baba alisema mwakani tutahama nafasi, Shukri atakuja upande wa Zakaria. Mwaka huo ukaja na ukame, nikapelekwa kwa mhunzi kuvukuta mivukuto, na masomo yangu yakaishia hapo. Ndiyo maana mimi husoma kitabu kikiwa kichwa chini, na kikisimama sawasawa sijui hata herufi ya kwanza. Nafikiri jambo hilo lilimkaa Baba rohoni mpaka mwisho. Alifundisha kijiji kizima, akaniacha mimi upande wa pili.

Nilipokwisha kusoma barua yako nilirarua kanzu yangu ya kazi kifuani, nikakaa chini. Badra akanihurumia, lakini akauliza kwa nini nimerarua isiyokuwa na kiraka.

Sasa hao wanaume kumi, maana wakipungua sala ya pamoja haisimami. Tulipofika hapa, sisi watu wa Yemeni tulitosha kuwa na sala yetu wenyewe, katika kibanda cha mbao za makasha ya machungwa. Homa ikachukua baadhi yetu, wengine wakahamia Yerusalemu kuponda mawe, na wanaume tukabaki sita. Kwa hiyo ilinibidi niende kwenye sinagogi la wakulima, lile la mawe na paa jekundu. Wakulima hawa ni Wayahudi wenzetu, wametoka Urusi zamani kidogo, na mashamba ni yao. Hawatufukuzi, Kaka, usidhani. Wanatusogeza tu. Siku ya Sabato tunasimama karibu na mlango, na mtu akiingia tunasogea, akiingia mwingine tunasogea tena. Sala zao ni zetu, lakini zimepangwa kwa mpangilio mwingine, na maneno wanayatamka kana kwamba wana viazi vya moto mdomoni. Haya ninayoyajua kwa kichwa tangu utotoni hayafuatani na ya kwao. Kuongoza mbele yao ni lazima usome kwenye kitabu chao, na mimi kitabu sikuwa nacho, cha kwao wala cha kwetu.

Hapo ndipo Mzee Getzel aliponiita. Huyu ndiye msimamizi wa sinagogi lao, mzee wa ndevu nyeupe zilizogeuka manjano kwa tumbaku, mfuga nyuki, mtu mwema. Husema nami kwa lugha takatifu, polepole na kwa sauti kubwa, kama anasema na kiziwi. Aliniambia nichukue jembe nikachimbe shimo makaburini. Nikamuuliza amekufa nani. Akasema hajafa mtu, ni vitabu.

Wanafanya kama sisi, kitabu chenye Jina la Mungu hakichomwi wala hakitupwi, huzikwa. Lakini wewe unajua vitabu vya kwetu vinavyopelekwa pangoni jinsi vilivyo. Ni makombo, unaweza kuvipeperusha kama makapi. Nilipofungua gunia lile nikakuta vitabu ambavyo hapo Haidan mtu angeuza ng'ombe ili avipate. Kimoja kilikuwa cha sala, kidogo, kimepoteza jalada na panya wameonja kurasa za mwisho, basi. Nikamwambia Mzee Getzel kwamba hiki bado ki hai. Akacheka, akasema, "Ki hai? Hicho kilikuwa cha baba mkwe wangu, naye alikufa kabla ya reli kujengwa! Tumeletewa vipya, mwanangu, vina dhahabu pembeni." Nikamwambia kwetu hiki kimoja kingesomesha watoto wa kijiji. Hapo akaacha kucheka. Akakifuta vumbi kwa mkono wa koti lake, akakibusu, akanipa. Akasema nichukue, ila siku kitakapokufa kweli nikirudishe kwake kizikwe na wenzake. Nikaahidi.

Nilirudi nyumbani siku ile nimekibeba kifuani chini ya kanzu, mahali palipokuwa pameraruliwa.

Tukaanza kazi. Nasema tukaanza, kwa sababu hatukuwa mmoja. Kila jioni kabla ya giza niliweka kasha la machungwa mlangoni, kitabu juu yake, nikasoma kwa kidole mstari kwa mstari. Mimi si msomaji mwepesi, unanijua. Na Hamama, binti yangu, ambaye wewe ulimwona akiwa bado anabebwa mgongoni, alikaa ng'ambo ya kasha akichambua dengu. Sikumweka pale kwa kusudi. Pale ndipo palipokuwa na mwanga uliobaki.

Jioni moja nikakwama kwenye neno. Nikalizunguka, nikalijaribu hivi na hivi. Hamama akalisema, bila kuinua macho kutoka kwenye dengu zake. Nikadhani amelishika kwa sikio. Nikafunua ukurasa ambao sijawahi kuusoma kwa sauti, nikamwambia haya, sema. Akafuta mikono kwenye gauni, akainama, akasoma. Polepole, lakini alisoma, Kaka. Kwa upande wake kitabu kilikuwa kimesimama sawasawa. Alikuwa ameketi mahali pako.

Badra alitoka ndani na mwiko mkononi. Akasema, "Mume wangu, umemharibu huyu mtoto. Nani atamwoa msichana anayemsahihisha baba yake?" Na Slaiman, jirani yetu, ambaye ni mmoja wa wale sita na hana analoacha kulisema, akapita akaniambia nikimaliza kumfundisha kusoma nimfundishe na kufuga ndevu. Tulicheka wote, hata Hamama. Sitakuficha kwamba jioni zile nilikuwa na furaha ambayo sikuwahi kuwa nayo katika nchi hii. Nilijisemea kwamba kumbe upande wa pili nao una kazi yake.

Yeye ndiye aliyenifundisha mpangilio wa wakulima. Mama yake huwafulia nguo, na Hamama alipozipeleka alisimama chini ya dirisha la shule yao akisikiliza watoto wakiimba sala, kisha jioni ananiambia hapa wanaruka, Baba, hapa wanarudia. Kitabu alikifunga yeye kila usiku katika kipande cha turubai, kwa sababu paa letu linavuja.

Nilipoona naweza, nilimwendea Mzee Getzel nikamweleza wosia wa Baba. Alikubali mara moja. Alinishika bega, akasema mtoto wa mwalimu, heshima ni yetu.

Siku hiyo niliomba ruhusa shambani mapema, nikaoga kwenye pampu, nikavaa kanzu ya harusi. Badra na Hamama walisimama nje chini ya dirisha. Wakulima zaidi ya kumi wakaja kutoka kwenye ng'ombe wao, viatu vina matope, na wale wenzangu watano mlangoni. Nikasimama kwenye meza ya mbele, nikaweka kitabu kwa namna yangu, nikaanza zaburi ya ufunguzi.

Nilianza vizuri. Sauti yangu ilikuwa imesimama, na nilihisi Baba yuko ng'ambo ya ile meza, ameweka kidole chake kwenye mstari. Nilikuwa nimekwisha kugeuza ukurasa wa kwanza.

Kisha kijana mmoja wa kulia kwangu akatupa jicho kitabuni. Nikasikia mnong'ono, halafu mtu akipiga chafya ya kuficha kicheko, halafu kicheko chenyewe. Sikuacha kusoma. Mzee Getzel akaja kwa kunyata, kama mtu anayemfuata mgonjwa. Akaniambia sikioni, "Ndugu yangu, umekishika kichwa chini." Akakigeuza. Akakinyoosha vizuri mbele yangu, akaupapasa mkono wangu mara mbili ili nisione haya.

Na ule ukurasa ukawa ukuta uliotambaliwa na sisimizi.

Nikakigeuza tena kitabu kwa upande wangu, na hapo wengi wakacheka waziwazi. Nikajaribu kueleza kwamba mimi husoma hivi, kwamba kwetu kitabu kilikuwa kimoja. Yule kijana akasema, "Hasomi huyu, amekariri kama kasuku!" Mwingine akaja akafunua ukurasa wa mbali kabisa, akakiweka kichwa chini mbele yangu, akasema haya, bwana mkubwa, soma hapa. Ulikuwa ukurasa wa sala ya mwezi mpya, sikuwahi kuugusa. Unajua nilivyo mzito. Nilijikwaa kwenye neno la kwanza, nikajikwaa kwenye la pili, jasho likanidondoka kitabuni. La tatu sikulifikia. Dirishani jua lilikuwa linashuka, na alasiri ina mwisho wake. Wale watu walikuwa na ng'ombe wa kukamua.

Mzee Getzel ndiye aliyewanyamazisha. Aliwakemea kwa lugha yao, akageuka kwangu na machozi machoni, akasema kutojua kusoma si aibu, hata bibi zake hawakujua, niseme amina tu kwa moyo safi, Mungu anapokea. Akaongoza yeye. Mimi nikasimama kando nikasema amina. Baada ya sala akanimiminia kinywaji kikali, akanipa samaki wa chumvi na mkate, akaniuliza jina la Baba, akalitaja vizuri kabisa mbele ya watu wote. Laiti angenitukana, Kaka. Mtu akikutukana unaweza kumjibu.

Njiani Hamama alinishika mkono. Tulipofika kwenye mikaratusi akaniambia, "Baba, uliruka mstari mmoja tu." Badra alitembea mbele yetu.

Nilirudi kesho yake kwa Mzee Getzel kumwomba nafasi nyingine. Aliniambia wazee wamekaa na wameamua meza ya mbele ni ya wanaojua kusoma, ndiyo kanuni, yeye peke yake hawezi. Nikamwambia najua kusoma. Akanitazama kwa huruma ile ile, akaniuliza kama nimekula.

Basi nikasema nitatafuta watu wangu. Sita tulikuwa nao, nilihitaji wanne. Kando ya kinamasi wanakaa vijana wa Kiyahudi kutoka Urusi katika mahema, vibarua kama sisi, wanaochimba mifereji na kuimba mchana kutwa. Hao hawasali kabisa. Niliwaendea. Hawakunicheka kwa ubaya, walinipa chai. Mmoja akasema, "Mzee, Mungu tulimwacha bandarini Odessa, mizigo ilikuwa mingi." Niliwaomba wasimame tu, wasiseme kitu, wawe kumi kwa macho. Wakasema kusimama kwa uongo ni kumtukana baba yako. Labda walisema kweli. Mmoja wao, kijana mwembamba anayeitwa Zyama, akanifuata nyuma akasema atakuja, na atawaleta wengine.

Siku ya mwisho ya mwaka wa Baba tukakusanyika kibandani, wale sita. Zyama hakuja, homa ilimwangusha asubuhi ile, na wenzake walikuwa wamekaa naye wakimshika asijirushe. Tukangoja mpaka jua likagusa vichwa vya mikaratusi. Mzee Maudha, ambaye macho yake yamekufa, akawa anauliza kila saa, mmefika wangapi, mmefika wangapi. Slaiman akasema tumefika sita, tena tukiendelea kungoja tutabaki watano.

Nikakiweka kitabu juu ya kasha. Nikasema nitasoma hivyo hivyo, bila kumi, ili Baba asikie chochote. Nikafungua mdomo, na sauti ikakataa. Nikaona ule mkono mwema ukija kunigeuzia kitabu. Nikajaribu tena, ikatoka kama ya mbuzi.

Kaka Zakaria, hapa ndipo nilipokuwa nachelewa kufika tangu nilipoanza kuandika. Wosia wa Baba sikuutimiza mimi. Aliyesoma ni Hamama.

Alikuwa amekaa ng'ambo ya kasha, mahali pake pa siku zote, na hakuna aliyekuwa amemwambia aondoke. Aliponiona nimekwama akafanya alivyozoea, akalisema neno. Nikamwashiria aendelee. Akasema la pili. Kisha nikamwambia simama. Mimi ndiye niliyemwambia, usimlaumu mtoto wala mama yake. Akasimama na kofia yake ya shanga, akasoma zaburi, akasoma sala yote ya alasiri, hakuruka mstari. Slaiman alitoka nje katikati, akatema mate mlangoni, akasema sasa tumekuwa mbwa. Waliobaki wakaangalia chini. Kisha Mzee Maudha, kwa sababu haoni au kwa sababu anaona, akaitikia amina. Na mimi baba yake nikaitikia.

Mwishoni akafika mahali pa sala ya mfiwa. Imechapwa pale pale ukurasani kwa herufi kubwa. Hamama akainua macho akanitazama, kidole kikiwa kwenye neno la kwanza. Sala ile haisemwi bila wanaume kumi, wala haisemwi na mtoto wa kike, hayo unayajua kuliko mimi. Nikatikisa kichwa. Akafunga mdomo. Nje jua lilikuwa limekwisha kuzama. Hivyo ndivyo mwaka wa Baba ulivyofungwa huku, sala yake ya mwisho haikusemwa.

Habari ilifika kwa wakulima kabla ya maziwa ya asubuhi. Wanawake wao walicheka tu. Walioumia ni watu wetu, wa hapa na wa Yerusalemu, na mtu aliyekuwa amedokeza habari ya kumposea mwanawe Hamama siku za mbele akaacha kupita kwetu. Badra alilia usiku na mchana. Akasikia mke wa daktari mmoja huko Yafa anatafuta msichana wa kazi. Mwezi wa Adari, huu uliopita, akampeleka Hamama huko. Sikumzuia. Ningemzuia nimpe nini?

Alikuja kutuona mara moja tu. Mikono yake imepasuka kwa magadi. Anasema katika nyumba ile kuna ukuta mzima wa vitabu, na kazi yake ya asubuhi ni kuvifuta vumbi. Siku moja alifungua kimoja, mama mwenye nyumba akamchukulia kwa upole, akamwambia, "Hicho hakina picha, mpenzi." Hamama akaendelea kufuta vumbi. Nilimwekea kasha mlangoni, kitabu juu yake, nikakaa upande wangu. Alisoma mistari miwili, akalala na shavu juu ya ukurasa.

Baada ya yeye kuondoka nilisahau turubai. Mvua ya mwisho ya msimu ilipita paa, na asubuhi kitabu kilikuwa donge, kurasa zimeshikana kama mkate ambao haukuiva. Nilijaribu kukianika juani. Herufi zilibaki kwenye vidole vyangu.

Nikakipeleka kwa Mzee Getzel kama nilivyoahidi. Alikipokea kwa mikono miwili, akaniuliza habari za mke wangu, akanipa jembe. Nilichimba karibu na lile shimo la kwanza. Nilipokiweka chini nikaona nimekiweka kwa namna ya kusoma mimi, kichwa chake kikiwa kwangu, ili mtu wa upande wa pili akione sawasawa. Nikainua macho. Ng'ambo ya shimo hapakuwa na mtu. Nikafukia.

Sasa unajua. Wewe ndiye mwalimu hapo, na sitakuuliza kama lililofanyika linahesabiwa, maana naogopa utanijibu. Mama akiuliza, mwambie sala ilisomwa yote kutoka kitabuni, na msomaji alikuwa na sauti nzuri. Huo si uongo. Usimwambie zaidi. Na kama kuna mtu hapo anauza nyumba yake ili aje huku, msomee barua hii, kisha aamue mwenyewe.

Nina ombi moja. Watoto unaowafundisha, kama bado wanazunguka kitabu kile kimoja cha Baba, wahamishe nafasi. Mwaka huu, si mwakani. Najua mkubwa atakataa kuondoka mahali pake na mdogo ataitwa shambani kabla hujamfikia, na Baba naye alikuwa na nia hiyo hiyo. Naomba tu kwa sababu sina kingine cha kuomba.

Badra anamsalimu Nadra na anamwombea maziwa mengi. Mzee Maudha anawasalimu watu wa upande wa kisimani, wale walio hai. Mbusu Mama mikono kwa niaba yangu, umwambie miguu aiinue juu jioni. Hamama hakusalimu kwa kuwa hayupo, lakini angekuwepo angekusalimu. Mungu awaweke.

Mimi mdogo wako,
Shukri bin Daudi